Uzoefu wangu: safari ya boti ya usiku Iron Bottom Sound, Honiara

Ukishuka Honiara, mji mkuu wa Visiwa vya Solomon, hutakaa sana bandarini kabla hujafuatwa na mtu wa boti anayeuza safari ya kwenda Iron Bottom Sound, mlangobahari ambamo manowari zilizama mwaka 1942, wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Zipo safari za asubuhi, zipo za kuondoka jua likizama. Lipia ya jioni. Ni ghali zaidi na utarudi umelowa, lakini ile ya asubuhi itakuonyesha maji ya buluu na kisiwa cha Savo kwa mbali, na hayo unaweza kuyatazama bure ukiwa gatini. Manowari zenyewe zimelala mamia ya mita chini. Huzioni mchana wala usiku. Kinachoonekana usiku ni giza lenyewe, na vita vile vilikuwa vya giza.

Nasema kama baharia wa sitaha. Zamu yangu ni ya saa sita usiku hadi saa kumi, na sehemu kubwa ya kazi ni kutazama mbele na kukaa macho. Kwa hiyo nilikwenda na swali moja: kundi zima la manowari lenye rada linashtukizwaje usiku na watu wanaotegemea macho?

Boti ni ya faiba, mashine moja nyuma, na kufika karibu na Savo ni zaidi ya saa nzima ya kurushwarushwa. Majaketi okozi yapo, ila mengine mikanda yake imekatika, basi wahi uchague. Kosa kubwa zaidi ni kwamba boti haikuwa na taa hata moja ya njiani. Nilipouliza nikaambiwa "tunajua njia". Kwa pesa wanazotoza, hilo halina udhuru, na nimewakata nyota kwa ajili hiyo.

Kilichookoa safari ni kiongozi. Mzee mwembamba, popoo na chokaa mdomoni njia nzima kama wazee wetu wa Unguja na tambuu yao, na hakusema neno mpaka tulipoukaribia mlima wa Savo. Hapo akamwambia kijana azime mashine. Tukaelea. Akaanza kueleza taratibu, bila karatasi.

Wamarekani walikuwa wameshusha askari Guadalcanal, kisiwa hiki chenye Honiara, tarehe 7 Agosti. Usiku wa kuamkia tarehe 9, Admirali Gunichi Mikawa wa Japani akaja kutoka Rabaul, kituo cha Wajapani, na meli 8: kruza 7, manowari zenye mizinga mikubwa, na distroya 1, manowari ndogo zaidi. Ndege ya Australia ilikuwa imeziona mchana wake, lakini taarifa ilichelewa kufika, na aina za meli zilitajwa visivyo. Mlangoni, upande huu na ule wa Savo, ziliwekwa distroya mbili za Marekani zenye rada, Blue na Ralph Talbot. Rada za wakati ule zikiwa karibu na milima zilichanganyikiwa na nchi kavu. Watazamaji wa Chokai, meli aliyopanda Mikawa, ndio walioiona Blue kwanza. Mizinga ikaelekezwa kwake, mwendo ukapunguzwa ili povu la nyuma lisiwafichue, wakangoja. Blue ikageuka, ikaenda zake. Haikuona kitu.

Mzee aliponyamaza nikatazama upande wa kisiwa. Mlima ule unameza kila kilicho mbele yake. Tulisikia kasia likigonga ubavu wa mtumbwi, karibu kabisa, na bado ilinichukua muda kumwona mvuvi mwenyewe, mimi ninayelipwa kuona usiku. Usiku ule wa Agosti mwezi ulikuwa haujachomoza, mawingu yalitanda, na mabaharia wa Marekani na Australia walikuwa wamekaa vituoni mwao kwa zaidi ya siku nzima bila usingizi wa maana. Ndege ndogo za Wajapani zilisikika zikipita juu, na waliozisikia wakadhani ni za kwao.

Saa saba na dakika 43, distroya Patterson ilitoa tahadhari redioni kwamba meli ngeni zinaingia. Wakati huo topido za Wajapani zilikuwa tayari majini. Ndege zikaangusha miale ya mwanga nyuma ya kruza Canberra na Chicago, na meli hizo zikaonekana kama vivuli ukutani. Canberra ya Australia ilipigwa makombora kama dazeni mbili kwa dakika chache tu. Kisha Mikawa akageukia kaskazini, akamulika kurunzi zake kubwa, akazikuta kruza za Marekani Vincennes, Quincy na Astoria. Ndege zilizobebwa sitahani na kruza hizo zikashika moto, na tangu hapo wapigaji hawakuhitaji kurunzi tena. Ilipofika mchana kruza zote nne zilikuwa zimekwisha, na watu 1,077 wa upande wa Marekani na Australia wamekufa. Mikawa akaondoka bila kuzigusa meli za mizigo, akihofia ndege za asubuhi. Hakujua kwamba manowari za kubeba ndege za Marekani zilikwisha kuondoka eneo lile.

Katikati ya maelezo kijana wa mashine akawasha tochi ya simu atuonyeshe ramani aliyoitia plastiki. Nia njema, ila alitupofusha sote. Macho yakishazoea giza, mwanga wa sekunde mbili unayarudisha mwanzo, na inachukua karibu nusu saa kuona vizuri tena. Mzee alimfokea kwa Kipijini mpaka abiria wakacheka. Mimi nilifikiria wapiga mizinga wa Astoria, walioamshwa usingizini wakatazama moja kwa moja ndani ya kurunzi.

Waombeni pia wawaeleze ya Novemba, maana wasipoulizwa huyaruka. Usiku wa tarehe 14 kuamkia 15, Admirali Willis Lee wa Marekani aliingia humuhumu na manowari kubwa mbili, Washington na South Dakota. South Dakota ilikatikiwa umeme katikati ya mapigano, kisha Wajapani wakaimulika na kuishambulia wote kwa pamoja. Washington ikabaki gizani, rada mpya ikifanya kazi, na Lee alikuwa mtu anayeielewa rada hasa. Akaipiga Kirishima, manowari kubwa ya Wajapani, kutoka umbali usiofika kilomita 8. Miezi mitatu tu kutoka Savo, na aliyemulika ndiye aliyepoteza meli. Kwangu mimi hii ndiyo hadithi bora ya maji yale, lakini Savo ndiyo inayouzika.

Kuhusu malipo: ukitajiwa bei kwa dola za Marekani, omba kwa dola za Solomon, inashuka. Chakula hakuna, beba maji. Kama unatapika baharini au una mtoto mdogo, acha. Na ulizeni mwezi kabla ya kulipa, kwa sababu mbalamwezi ikiwa imejaa utaona kila kitu na hutaelewa chochote.

Anayetaka kugusa chuma kwa mkono wake aende Bonegi mchana, magharibi ya mji. Meli mbili za mizigo za Wajapani zilizokwama Novemba ileile ziko karibu na ufuko, moja ikichomoza juu ya maji, na miwani ya kuogelea inatosha. Kuna kiingilio kidogo kwa wenye ardhi, beba chenji. Wakikuahidi pia mahali boti ya John F. Kennedy, aliyekuja kuwa rais wa Marekani, ilipogongwa mwaka 1943, kataa. Hiyo ni huko karibu na Gizo, mkoa mwingine, na watu huenda kwa ndege.

Nyota nne kati ya tano. Wakifunga taa, tano.