Vituo viwili vya reli vya Uingereza, Temple Meads ya Bristol na Central ya Newcastle: ipi ni kazi kubwa zaidi?

Temple Meads ya mhandisi Isambard Kingdom Brunel ilifunguliwa mwaka 1840: paa la mbao lenye upana wa mita 22, bila nguzo hata moja katikati ya reli. Boriti zake zinaiga kumbi za kale za Uingereza, lakini ni pambo tu.

Newcastle, 1850, msanifu majengo John Dobson alikabili jambo gumu zaidi. Reli pale zinapinda, kwa hiyo paa nalo lilipaswa kupinda. Mbavu za chuma zilipewa umbo kwa kupitishwa kwenye rola za mshazari, yaani silinda zenye kingo zilizoinama, badala ya kukatwakatwa vipande. Ni ufundi wa hali ya juu!

Kwa uzuri nachagua Bristol. Kwa uhandisi nampa Dobson. Treni bado zinasimama chini ya paa lake, ilhali banda la Brunel halijapokea treni tangu 1965.