Fundi aliyenipandanishia mashine ya kufulia na draya: nampa nyota nne, wale wa kwanza hata nusu hawapati

Naanza na wale wa kwanza maana hasira bado ninazo. Tumehamia fleti Kijitonyama, ghorofa ya tatu, mwenye nyumba hataki kuona nguo kwenye baraza wala kwenye korido, na sehemu ya kufulia ni kachumba pembeni ya jiko, ukishaweka mashine na beseni basi wewe mwenyewe unabaki nje. Masika ikaingia, nina mtoto wa miezi saba, nguo zinakaa siku tatu mbele ya feni na bado zinanuka uvundo, baba watoto akasema liwalo na liwe, tununue draya, ile mashine ya kukaushia nguo. Tukachukua vyote viwili duka moja Kariakoo, mashine ya mlango wa mbele ya kilo 8 na draya yake, wakatuambia usijali dada, kupandanisha ni bure, vijana wanakuja na kirikuu.

Vijana wakaja wawili, wakapandisha ngazi zote bila kugongesha ukuta, hapo nawapa heshima yao. Sasa kufunga ndo balaa. Walikunja kipande cha kapeti, wakatandika juu ya mashine, wakabwaga draya, wakaitikisa kwa mkono, "imekaa hiyo dada, haiendi popote". Wakanywa soda wakasepa.

Jioni nikawasha. Kufua ikafua fresh tu, ilipofika kwenye kukamua, mizunguko 1,400 kwa dakika, nasikia dada wa kazi anapiga kelele jikoni, "Mama Nasri njoo inatoka!" Nafika nakuta mashine imejisogeza yenyewe mpaka kizingitini, draya huko juu inacheza kama abiria aliyekosa bomba la kushika kwenye daladala, kona moja iko hewani kabisa. Ile draya ni kama kilo 50 jamani na mtoto anatambaa. Nikazima swichi ya ukutani tukaishikilia mimi na dada mpaka ngoma ikasimama, mikono inatetemeka. Kupiga simu dukani najibiwa "punguza nguo dada". Haya.

Namba ya fundi huyu nilipewa na jirani wa chini. Kilichonifanya nimwamini ni maswali, yani kabla hajasema bei aliuliza mashine na draya zina upana gani na kina gani, akataka picha ya nyuma ya mashine. Nikamtumia. Akacheka kwenye voisi nouti, "mama, hizo bolti mbona bado zipo?" Kumbe mashine mpya inakuja na bolti nne nyuma zinazoshikilia ngoma isicheze kwenye safari, zinatakiwa kutolewa kabla ya kuwasha, wale vijana hata hawakuzigusa! Ndo maana ilikuwa inaruka. Alipokuja akazitoa kwa spana, matundu akayaziba na vifuniko vya plastiki vilivyokuwa kwenye kifuko cha kitabu cha maelekezo, bolti akanifungia kwenye mfuko wa nailoni, siku mkihama mtazirudishia.

Ila fremu ya katikati, ile inayokaa kati ya mashine na draya, alitutuma tuitafute wenyewe, hapo ndo nyota moja ilipokatika. Nimezunguka nayo hiyo. Duka moja nimemwambia kijana nataka staking kiti ya draya, ndo jina la Kiingereza la hiyo fremu, akanipeleka moja kwa moja kwenye viti vya plastiki, nikacheka mpaka nikasahau joto. Tuliipata duka la tano, ni ya vifaa vya sentimita 60 kwa 60, ina ukingo wa kuzuia miguu ya draya isiteleze, mkanda wa kukaza na katrei kanakovutika kwa mbele ka kuwekea kapu. Kama mashine yako ni ile nyembamba ya kina cha sentimita 45 usije ukabebesha draya ya 60, na ile ya kufungulia juu ndo usiwaze kabisa. Nilimuuliza fundi mbona tusiweke draya chini, dada hafiki vitufe vya juu, akanikatalia, mashine ndo nzito na ndo inayokamua, inakaa chini siku zote.

Kazi yenyewe ilichukua kama saa moja na nusu, na muda mwingi ulikwenda kwenye mashine ya chini. Aliweka pima maji juu, akazungusha miguu kidogo kidogo, mbele, nyuma, upande kwa upande, akakandamiza kila kona kuona kama inanesa, akakaza nati za miguu. Pale wale vijana walipoiweka mashine palikuwa na mfereji wa vigae unaoelekea kwenye tundu la maji, mguu mmoja ulikuwa hewani muda wote! Fremu ikafungwa, draya ikapanda wakiwa wawili na msaidizi wake, mkanda ukakazwa, nyuma na pembeni akaacha upenyo wa hewa. Ekstensheni yangu aliichomoa akaniambia hii ni ya kuchajia simu, kila kimoja kikapata soketi yake ukutani.

Halafu akajaza glasi maji, akaiweka juu ya draya, akawasha kukamua. Maji yalitetemeka, hayakumwagika. Dada wa kazi alisimama mlangoni kabisa, haamini.

Ubaya wake: alisema saa nne kafika saa saba, kila nikipiga "niko Mwenge hapa nakata kona", hiyo Mwenge ilikuwa kubwa siku hiyo. Pia hakutuonyesha kichujio cha vumbi la nguo, tumekuja kukigundua wenyewe wiki ya pili draya inazunguka weee nguo hazikauki, kukivuta kuna manyoya kama blanketi la paka. Sa hivi tunakisafisha kila baada ya kukausha.

Alitaka laki moja, tukamalizana elfu themanini, fremu pembeni. Ukimpigia mwambie ghorofa ya ngapi mapema ili aje na msaidizi, na kama dada wako mfupi kama wangu nunua kigoda kabisa.