Maswali safi, ripoti ndiyo kizaazaa

Nyota 3 kati ya 5.

Kifurushi hiki cha mitihani ya majaribio ya GRE, ule mtihani wa kuombea nafasi ya masomo ya uzamili, nimekitumia wiki sita, na mitihani yote mitano nimeimaliza. Maswali ni mazuri. Muda umepangwa kama kwenye mtihani wenyewe: hesabu maswali 27 kwa dakika 47, lugha maswali 27 kwa dakika 41, na saa haikungoji ukienda kunywa maji. Hapo sina neno. Neno langu liko kwenye ripoti ya matokeo.

Mtihani wa kwanza nilipata maswali 17 ya hesabu. Ripoti ikanibandikia namba moja kubwa ya rangi ya chungwa: 46. Binti yangu wa miaka 12 alikuwa akichungulia begani kwangu.

"Baba, si umefeli hapo?"

Nami nilishtuka. 17 kwa 27 ni kama asilimia 63, sasa hii 46 imetoka wapi? Chini yake, kwa maandishi ya kutafutia miwani, kulikuwa na neno moja: pasentaili. Basi. Maelezo hakuna.

Ikabidi nimweleze mwenyewe. Pasentaili haisemi umepata maswali mangapi, inasema umewapita wangapi. 46 maana yake katika kila watu 100 waliofanya mtihani huo, 46 wana alama chini ya yangu. Mtihani ukiwa mgumu unaweza kukosa nusu ya maswali na bado ukawa kwenye pasentaili ya 90. Ukiwa mwepesi, unakosa mawili tu na unajikuta katikati ya umati. Kufaulu na kufeli havimo humo. Binti akafikiri kidogo, akasema, "Kumbe ni kama kushika namba darasani, ila wanahesabia kutoka mkiani." Walioandaa ripoti wangemwajiri.

Swali lililofuata ni langu: hao niliowapita ni akina nani? Jibu nililipata siku ya tatu, mwisho kabisa wa ukurasa wa msaada. Wanakulinganisha na wateja wao waliomaliza mtihani uleule. Watahiniwa wa GRE halisi hawamo. Sasa mtu aliyenunua kifurushi na kuvumilia hadi swali la mwisho si mtahiniwa wa kawaida. ETS, wenye GRE yao, hukulinganisha na watu waliofanya mtihani halisi miaka ya karibuni, na jedwali lao liko wazi, halilipiwi. Nilipopeleka alama yangu ya makadirio kwenye jedwali hilo, nafasi yangu ikawa nyingine. Humo pia ndimo nilimoona kwamba alama 160 ya lugha inakuweka mbele sana kuliko 160 ya hesabu, kwa sababu upande wa hesabu umejaa watu wenye alama za juu. Jambo kama hilo ripoti ingelisema siku ya kwanza, ningejua mapema nguvu zangu nizielekeze wapi.

Kilichonichosha zaidi ni grafu ya maendeleo. Mtihani wa nne ilinipigia makofi kwa hesabu, kutoka 46 hadi 55, "umepanda 9!" Lugha, kutoka 88 hadi 93, ikaniambia niongeze bidii. Mambo ni kinyume. Wapange watu 100 kwa urefu. Pale katikati wamebanana, vimo vinakaribiana. Ukivaa viatu vyenye soli nene umeshawapita tisa. Huko mbele kwa warefu, kutoka mtu mmoja hadi mwingine kuna pengo, na kuwapita watano ni kazi kubwa. Kama alama zimetawanyika kwa umbo la kengele, wengi katikati na wachache pembeni, kutoka 46 hadi 55 ni kama robo hivi ya mchepuko sanifu (kipimo cha jinsi alama zinavyotawanyika kutoka wastani), wakati 88 hadi 93 ni karibu 0.3. Kwa hiyo kwenye lugha ndiko nilikosogea zaidi, na ndiko nilikokaripiwa.

Halafu wanajumlisha 88 na 46, wanagawa kwa mbili, wanakupa "pasentaili ya jumla 67". Namba hiyo haina maana yoyote. Pasentaili ni nafasi kwenye mstari, na hatua zake hazilingani, hivyo hazitafutiwi wastani namna hiyo. Anayetaka wastani aanze na alama zenyewe.

Mtihani wa tano niliufanya siku mbili baada ya wa nne, sikugusa daftari katikati. Hesabu ikashuka kutoka 55 hadi 49 na mshale mwekundu ukatokea. Hakuna nilichosahau kwa siku mbili. Kila mtihani una mtikisiko wake, na katikati ya mstari swali moja tu linaweza kukurusha nafasi kadhaa. Ripoti ya maana ingenipa masafa, tuseme kati ya 44 na 60, badala ya namba moja kavu.

Niliwaandikia kuhusu ule wastani. Walijibu ndani ya saa moja, kwa heshima kabisa, kwamba watumiaji wengi hupenda kuona namba moja. Mitihani mingine nitainunua kwao, maana maswali hayana mfano. Ile namba ya chungwa binti ameshaibandikia kijikaratasi kwenye skrini.