Mida: kwa miguu au kwa kayaki?

Wageni wa Watamu, pwani ya Kenya, huuliza: nina siku moja na kiongozi, nitembee au nipige kafi? Pale Mida, mkono wa bahari wenye mikoko karibu na Watamu, maji ndiyo yanayoamua. Yakipwa, kayaki hukwama matopeni, na miguu inashinda: unapita daraja la mbao katikati ya mikoko, chini yako kaa wadogo wakipunga gando moja kubwa. Gharama huwa nafuu pia. Viatu vya kuloana vinatosha.

Yakijaa, kayaki haina mpinzani. Unajipenyeza vichochoroni kimya kimya, mizizi ikikugusa bega. Ila upepo wa kusi ukivuma mchana, kurudi ni kazi ya mabega kweli.

Una mtoto mdogo? Tembeeni. Una nguvu na maji yamejaa? Kamata kafi, lakini muulize kiongozi saa za maji kabla hujalipa.