Fundo la maji na mwalimu asiyetaka kuulizwa

Hawa watu wa kozi ya kupanda miamba na kuingia mapangoni vifaa vyao vizuri, sikatai, na ningewapa nyota nne bila shida, ila kilichotokea juzijuzi bado kinanichemsha. Tulikuta anka, yaani pale kwenye mwamba unapojishikiza usianguke, imeshafungwa kwa utepe wa nailoni, umeunganishwa ncha mbili kwa fundo la maji, na mkia mmoja, ile ncha inayobaki nje ya fundo, mfupi kama kucha. Mkia unatakiwa ubaki sentimita 8 hivi kila upande! Nikamwambia kwa adabu tu, mwalimu naomba tulifunge upya kabla mtu hajaning'inia hapo. Akanijibu mbele ya watu wote, "Umekuja kujifunza au kunifundisha?" Wenzangu wakacheka.

Jamani fundo la maji linatambaa, hii si siri. Ukiliwekea uzito ukaachia, ukaweka tena ukaachia, mikia inaingia ndani kidogo kidogo na huoni kitu, mpaka mkia unaisha na utepe unaachia. Ndo maana unalikaza kwa uzito wa mwili wako na unalikagua kila unapotaka kulitumia, kila mara, na anka ile ilikuwa imeachwa palepale watu wanapanda wanashuka. Hata kuinama kuliangalia hakuinama!

Tena asubuhi hiyohiyo msaidizi wake alitufundisha vizuri sana fundo la bia, lile wanalolipenda watu wa mapangoni, unachukua utepe wenye uwazi ndani unaingiza ncha moja ndani ya nyingine, linatoka safi na hakuna mikia ya kunasa kwenye mwamba. Akatuambia ukweli kwamba ubaya wake ncha iko ndani huioni, kwa hiyo uhakikishe umeingiza ndefu ya kutosha. Na ndiye aliyekuja kulifunga upya lile fundo langu, kimyakimya, bosi wake akiwa amegeuka. Yule dada nyota tano.

Kozi yenyewe basi tatu. Hapana, moja, maana aliyepaswa kushtuka ndiye aliyenifokea. Mkienda mwombeni yule dada, na mkiona utepe wa Dyneema (nyuzi za plastiki ngumu na laini) umefungwa fundo la maji msiukubali hata akiwafokea, ule unateleza, daini slingi, yaani kitanzi cha utepe, iliyoshonwa kiwandani.