Kliniki ya sheria ya bure Kondele: nyota nne, na ningewapa tano

Nimeona watu wengi hapa Kisumu hawajui kama hii kliniki iko, so wacha niseme vile ilinisaidia wiki mbili zimepita. Iko kwa ukumbi wa kanisa, ni ya bure, unakaa kwa benchi unangoja.

Kijana wa dada yangu anaendesha boda. Alishikwa Alhamisi mchana pale stejini na wenzake wawili, wakaambiwa ni fujo. Aliniandikia meseji moja tu, "Anti nimeshikwa," saa tisa na dakika kumi na mbili, simu ikazima. Nikaenda stesheni jioni nikaambiwa hatapelekwa kotini mpaka Jumatatu, ama nilete elfu tano ya bondi ya polisi. Bondi ya polisi, yaani ahadi tu ya kuandika kwamba mtu atarudi, ni ya bure jamani! Na kama ni keshi beili, lazima upewe risiti na pesa inarudi kesi ikiisha. Mimi hiyo siku sikujua.

Ijumaa asubuhi niko Kondele. Dada wa kliniki hata hakuniuliza kijana alifanya nini, swali la kwanza lilikuwa, "Mama, alishikwa saa ngapi?" Nikadhani ananipotezea wakati. Akachukua karatasi akanichorea mstari, na hapo ndio nikaelewa kitu sijawahi elezwa maisha yangu yote. Katiba, Kifungu cha 49, inasema lazima mtu afikishwe kotini ndani ya saa 24 tangu ashikwe, na hizo saa zikiisha koti ikiwa imefungwa ama ni wikendi, inasongeshwa mpaka siku inayofuata ya koti. Sasa kijana wetu alishikwa saa tisa Alhamisi, saa zake zinaisha saa tisa Ijumaa na koti bado iko wazi, kwa hivyo ni Ijumaa hiyo hiyo. Lakini tulipofika stesheni na huyo dada tukaomba namba ya OB, kile kitabu cha polisi cha kuandika matukio, kilikuwa kimeandikwa alishikwa saa moja usiku. Ukihesabu kutoka hapo, saa zinaisha usiku wa Ijumaa, na mtoto wa watu analala ndani wikendi nzima. Masaa manne ya kalamu yanakula siku tatu za mtu!

Dada hakupiga kelele. Alisema tu kwamba saa zinahesabiwa tangu kushikwa, si tangu kuandikwa, halafu akaniambia, "Mama, onyesha afande ile meseji." Saa nane kijana alikuwa kotini.

Huko polisi wakaomba siku saba zaidi za uchunguzi. Dada si wakili, hawezi kukuongelea mbele ya hakimu, lakini alikuwa amemwambia kijana mapema: ombi kama hilo lazima liandikwe na liwe na hati ya kiapo, na waonyeshe sababu nzito, kwa sababu dhamana ni haki yako. Kijana akasimama akauliza hiyo hati iko wapi. Haikuwa. Hakimu akampa beili ya elfu kumi, tukachanga na wasee wa steji, risiti ninayo.

Nikiwa kwa benchi mzee mmoja alikuwa anasimulia vile Jaramogi Odinga, kiongozi wa upinzani wakati huo, aliwekwa kizuizini 1969 hapa Kisumu ilipochafuka, bila kesi, mpaka 1971. Dada akamwambia siku hizi hata hali ya hatari ikitangazwa, haki ya kuomba koti iamuru mtu aletwe mbele yake haiwezi kuondolewa, iko Kifungu cha 25. Mzee alimwambia arudie mara mbili.

Sasa lawama. Foleni ni ndefu, nilifika saa mbili nikaonwa saa nne, na kwa mtu ambaye saa zake zinakatika hiyo ni nyingi sana. Karatasi wanayogawa ni ya Kiingereza na maandishi madogo, mama yangu anasoma Dholuo tu. Na wanafunga Ijumaa jioni, wakati kila mtu wa Manyatta anajua kamata kamata ni Ijumaa usiku! Nilijaribu simu yao Jumapili kwa ajili ya jirani, ikalia mpaka ikakatika.

Ukienda, beba simu yenye meseji ama hata jina la mtu aliyeona mtu wako akishikwa. Wakifungua Jumamosi, hata nusu siku, nitarudi hapa niongeze hiyo nyota.