Balbu ya dimu ya IST: nimebadilisha mwenyewe nyumbani

Gari langu ni Toyota IST ya mwaka 2004, yenye taa za kawaida za halojeni, siyo zile za zenoni. Naenda nalo kazini kila siku, Mlandizi hadi Kibaha na kurudi. Mimi ni muuguzi, na wiki za zamu ya mchana natoka wodini giza limeshaingia. Anayeijua Barabara ya Morogoro kipande hicho hahitaji kuelezwa. Malori ya Zambia na Kongo yanafuatana, taa zake zinakupiga usoni moja baada ya nyingine, na pembezoni mwa lami kuna watembea kwa miguu, bodaboda, na wale wa baiskeli za mkaa ambao nyuma hawana hata kiakisi kimoja.

Usiku mmoja nilikuwa nimeshusha taa kwa ajili ya lori lililokuwa linakuja. Lilipopita tu, gunia la mkaa likatokea kushoto kwangu, karibu kabisa na saiti mira. Kwanza gunia, halafu ndiyo nikaona miguu ya mtu inakanyaga pedali. Sikumgusa, namshukuru Mungu. Lakini ukweli ni kwamba sikumwona, nilimkuta.

Nilifika nyumbani mikono bado inatetemeka. Mzee jirani yangu alikuwa amekaa kibarazani.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Hilo gari lako limekuwa chongo, unajua?"

Sikuwa najua. Fulu, ile taa ya kumulika mbali, ilikuwa inawaka pande zote mbili, ndiyo maana sikushtuka. Kilichokufa ni dimu ya kushoto, ile taa iliyoshushwa ya kumulika karibu, upande uleule wa watembea kwa miguu. Nikajiuliza ni siku ngapi nimepita hivyo nikiwa nusu nimelala kwa uchovu, macho yakiwa yamezoea kuona kidogo. Ukipenda chongo huita kengeza. Mimi nililizoea giza nikadhani ndiyo usiku ulivyo.

Kwa nini sikumpelekea fundi. Mwaka juzi balbu iliungua, nikampelekea fundi umeme mmoja, akanifungia balbu yenye nguvu zaidi, 100/90W, yaani wati 100 za fulu na 90 za dimu, akaniambia nitafurahi. Kwa wiki chache nilifurahi kweli. Sasa nimefungua mwenyewe na kuona alichoniachia: plastiki ya soketi imegeuka kahawia na imelegea upande mmoja. Hesabu yake si ngumu. Dimu ya wati 55 kwa volti 12 inavuta ampea kama 4.6. Ya wati 90 inavuta 7.5. Waya na soketi za gari hili zilitengenezwa kwa ile ya kwanza. Ziada yote inageuka joto palepale kwenye vipini vya soketi, na plastiki haina pa kukimbilia.

Baada ya hapo nikajaribu za LED, zile za kuchomeka kwenye tundu lilelile la balbu ya kawaida. Weupe wake unavutia ukiwa umesimama uani. Barabarani kila gari lililonijia lilinipigia fulu, na mimi nikidhani watu wana haraka. Zile zangu zilikuwa na feni nyuma, kifuniko cha mpira kikashindwa kukaa, vumbi la Mlandizi likaingia ndani ya taa hadi leo halijatoka lote. Nilizitoa baada ya mwezi mmoja, nikarudi kwenye halojeni.

Safari hii nikataka kitu kilekile ambacho gari lilitoka nacho kiwandani. Nikaenda Kariakoo, upande wa Gerezani, na balbu mbovu mkononi kama kielelezo. Kijana wa dukani alianza na zile nyeupe.

"Dada, chukua hizi, unaona mpaka mwisho wa barabara."

"Mdogo wangu, nipe halojeni. H4, 60/55, volti 12. Mbili."

"Mbili za nini, si imeungua moja?"

Mbili kwa sababu zilifungwa siku moja na zimewaka saa zilezile. Ikiungua moja, mwenzake yuko njiani. Halafu balbu iliyochakaa inafifia polepole, ukiweka mpya upande mmoja utaendesha na jicho moja zima na jingine lenye mtoto wa jicho. Nilichukua Philips za kawaida, namba 12342, shilingi elfu 18 kila moja. Za elfu 5 zilikuwepo pia. Niliishika moja nikaitazama kwa mwanga wa mlangoni: kile kikombe kidogo cha chuma kilicho chini ya uzi wa dimu kilikuwa kimekaa upande. Nikairudisha.

Kikombe hicho ndicho moyo wa balbu ya H4, na watu wengi hawakijui. Ndani ya kioo kuna nyuzi mbili, mmoja wa fulu na mmoja wa dimu. Uzi wa dimu umekaliwa chini na kikombe, kwa hiyo mwanga wake unapiga nusu ya juu tu ya sahani inayong'aa iliyo ndani ya taa, na sahani inaurudisha barabarani ukiwa umeinama. Uzi wa fulu hauna kikombe, unapiga sahani nzima. Basi kikombe kikikaa upande, au balbu yenyewe ikiingia kombo, mwanga wa dimu unapanda kwenye macho ya anayekuja. Wati zinaweza kuwa sawasawa na bado ukampofusha mtu.

Kazi niliifanya Jumamosi jioni na mtoto wa kaka yangu, yuko kidato cha tatu, yeye akishika tochi. Kabla ya kufungua chochote nililiweka gari mita tano kutoka kwenye ukuta wa uani, nikawasha dimu ya kulia iliyokuwa nzima, na tukachora kwa chaki mahali mwanga unapokatika. Nashauri sana hatua hii. Ukishatoa balbu zote mbili huna tena cha kulinganisha nacho.

Halafu nikazima kila kitu, nikatoa funguo, nikasubiri robo saa, kwa sababu balbu ya halojeni ikitoka kuwaka inaunguza ngozi vibaya.

Taa yangu iliyoungua ni ya upande wa betri, na pale mkono unapita kwa shida. Nilivua saa na pete. Soketi yenye mashimo matatu unaivuta kwa kushika plastiki yake, usivute waya. Yangu ilikuwa imeganda kwa lile joto la zamani, nikaitikisa kidogo kidogo kushoto na kulia mpaka ikaachia. Kisha kifuniko cha mpira kinabanduliwa kwa masikio yake. Kina neno TOP, upande huo urudi juu wakati wa kufunga, maana ukigeuza maji ya mvua yatapata njia. Chini ya mpira kuna springi ya waya inayoishikilia balbu: unaibonyeza kwa ndani, unaisogeza pembeni, inafunguka kama kitasa cha dirisha. Balbu inatoka yenyewe.

Uzi wa dimu ulikuwa umekatika katikati na kioo kimepata wingu jeusi kwa juu. Hata hivyo, nilitaka uhakika kabla ya kuchomeka kitu cha elfu 18, kwa hiyo nikaipeleka ile mbovu upande wa kulia nikawasha. Dimu haikuwaka na huko. Hapo nikajua shida ni balbu, siyo fyuzi wala waya. Kama ingewaka, ningeifuata soketi. Na kama gari lako dimu zimekufa zote mbili kwa mpigo, usikimbilie kununua balbu, anza na fyuzi, rilei na swichi.

Kuishika balbu mpya kulikuwa kama kazini kwangu. Glavu safi mkononi, unaishika kwenye kitako cha chuma tu. Kioo chake ni cha kwatzi na kinapata joto kali mno; mafuta ya kidole yakibaki juu yake, pale mahali panapata joto kuliko pengine na balbu inakufa mapema. Mtoto alijisahau akaigusa ya pili wakati anaitoa kwenye boksi. Nilichukua kile kipamba chenye spiriti tunachofutia ngozi kabla ya sindano, nikaifuta yote, nikaiacha ikauke.

Sasa pale palipotusumbua. Kitako cha H4 kina masikio matatu, na lile moja pana linakaa juu. Upande wa betri huoni unachofanya, unategemea vidole. Niliisukuma, nikahisi imekaa, nikafunga springi. Springi ilifungika kwa shida, na hiyo ilikuwa dalili ambayo sikuisikiliza. Tulipowasha, upande wa kushoto mwanga ulipanda juu ya mstari wa chaki, ukaenda hadi kwenye mti wa mwembe nje ya ukuta.

"Shangazi, hii mbona inamulika juu kama fulu?"

Sikio moja la chini lilikuwa limepanda juu ya ukingo badala ya kuingia kwenye nafasi yake. Nilifungua upya, safari hii nikaweka simu ya mtoto nyuma ya taa, kamera imewashwa, tukawa tunaangalia kwenye kioo cha simu. Balbu ikikaa vizuri inalala bapa na haichezi hata kabla ya springi. Springi nayo inafunga kwa kidole kimoja. Kama unatumia nguvu, kuna kitu hakijakaa.

Upande wa kwanza ulinichukua dakika 40, wa pili kama 10.

Ukutani mwanga ulikuwa hivi: mstari wa kukatika ulionyooka upande wa kulia, halafu unapanda kidogo kuelekea kushoto. Huko kupanda ndiko kunakomulika ukingo wa barabara yetu na vibao, na upande wa kulia ulionyooka ndio unaomlinda anayekuja. Ndiyo maana taa ya gari lililotengenezwa kwa nchi za kuendesha kulia inasumbua hapa kwetu, inapandisha mwanga usoni mwa wenzako. Kipimo nilichotumia ni cha asilimia moja: kwa mita tano, mstari ushuke sentimita tano chini ya kimo cha katikati ya taa. Ya kushoto ilikuwa juu kidogo, nikaizungusha skrubu ya nyuma kwa bisibisi ya nyota, robo mzunguko, ikashuka ikalingana na chaki. Kwa magari yenye kile kiduara cha kushusha taa kwenye dashibodi, kirudishe sifuri kabla ya kupima, na matairi yawe na upepo unaotakiwa.

Soketi iliyoungua niliibadilisha wiki iliyofuata kwa ya kauri, elfu 7, na hiyo nilimwachia fundi aifunge kwa kuwa inataka kukata na kuunganisha waya. Nilisimama hapo hapo mpaka amemaliza kuunganisha.

Huu ni mwezi wa sita tangu nizifunge. Zimepita masika yote, hakuna iliyoungua, hakuna maji wala ukungu ndani ya taa. Mwanga wake ni wa njano ukilinganisha na LED, na mtu aliyezoea weupe ataona kama kapungukiwa. Mimi kwenye mvua ya usiku naupenda zaidi, naiona lami iliyolowa na naiona mistari. Kubwa kuliko yote, hakuna anayenipigia fulu tena. Madereva wa malori wananishushia na mimi nawashushia.

Lisilonifurahisha halitokani na balbu. Plastiki ya mbele ya taa za IST inapauka na kuwa njano kwa jua, na balbu mpya haiwezi kulipa deni hilo. Nilisugua kwa msasa laini wa maji, kisha nikapolishi. Nguvu ya taa ilibadilika karibu kama vile nimeongeza balbu nyingine, lakini baada ya miezi mitatu plastiki imeanza kupauka tena, kwa hiyo nitatafuta anayepaka dawa ya kukinga jua.

Kwa jumla zimenitoka elfu 43 pamoja na soketi, ukiacha nauli ya Kariakoo na hela ya fundi. Ningezinunua tena balbu hizi bila kufikiri. Ile ya kulia ya zamani, iliyokuwa bado nzima, nimeiweka kwenye boksi la mpya, iko kwenye dashibodi pamoja na jozi moja ya glavu na vipamba viwili vya spiriti.